Barua ya Mama Imerudi Kutoka Jela ya Marekani, Anti Nifanyeje?

Shikamoo Anti,

Nakuandikia nikiwa Tanga. Safu yako naisoma siku nyingi, nasoma shida za wenzangu nawaombea dua napita, sikuwahi kuwaza kama na mimi ntakuja kukaa niandike ya kwangu.

Nina mdogo wangu wa kiume, ndo ananifuata mimi. Yuko Marekani, jimbo la Pennsylvania, alienda kusoma akabaki na kazi. Mwaka jana akaingia kwenye kesi. Kesi yenyewe naomba nisiielezee, siyo ya damu ya mtu, na mwenyewe alikiri kosa. Akakaa jela ya kaunti, kaunti ni kama wilaya kwetu, miezi tisa, juzi hapa hukumu ikatoka, miaka mitatu mpaka sita, yaani huko hawasemi namba moja wanasema kuanzia hapa mpaka hapa. Sasa ametolewa kaunti kapelekwa magereza ya jimbo. Habari zote hizi tunazipata kwa binamu yetu aliyeko Ohio maana sisi huku simu yake hatuipati.

Sasa Anti, shida yangu ni barua. Alipokuwa bado kaunti, Mama akasema anataka kumwandikia mwanawe kwa mkono wake. Mama yangu alijifunza kusoma na kuandika ukubwani, zile elimu ya watu wazima za enzi za Mwalimu, mwandiko wake mkubwa kama wa mtoto wa la pili, na macho yenyewe sasa yana mtoto wa jicho. Aliandika siku nne. Kurasa tatu. Mi nikaongeza picha sita za Idi, binti yangu akachora nyumba yetu na mwembe kwa krayoni akabandika na stika za nyota, nikaweka na dola ishirini nilizonunua hapa mjini ili japo anunue sabuni. Mama akaifukiza ile bahasha udi, manake ndo harufu ya nyumbani kwetu, akasema akiifungua tu atajua imetoka kwa nani. Nikaenda posta nikalipia.

Miezi mitatu kasoro bahasha ikarudi. Ndani kuna kikaratasi kina vimstari vya kutia tiki, vimetiwa tiki vinne, hakuna maelezo mengine. Dola imo, picha zimo, kila kitu kimo. Mama alipoiona akadhani mwanawe kaikataa. Baba mdogo naye badala ya kumtuliza akasema, mtoto akishakuwa jela anaona haya, anaikataa familia. Mama hajala vizuri siku mbili.

Na kubwa zaidi Anti, katika ile barua Mama ndo alikuwa anampa taarifa kuwa Bibi amefariki, Ramadhani iliyopita. Bibi ndo alimlea huyu mdogo wangu mpaka anaingia darasa la tano. Mpaka leo hajui.

Naomba unisaidie. Nifanyeje ili barua ifike? Tunaruhusiwa kuandika Kiswahili, au wataitupa? Jirani kaniambia nipitishe vitu kwa mtu aliyeko kule avifiche kwenye kitabu, roho yangu imekataa. Na tunataka kumtumia msahafu. Mama anataka kuandika tena lakini anaogopa isije ikarudi tena, na akiogopa hivo najua hataandika.

Ni mimi Dada Mkubwa, Tanga.

*

Marahaba mwanangu, na poleni sana na msiba wa Bibi.

Kwanza kabla hujaendelea kusoma hapa, inuka umwendee Mama umwambie hivi: mwanao hajaikataa barua, hajaiona kabisa. Barua ya jela haipelekwi kwa mfungwa kwanza halafu akachagua, inapita kwa askari wa chumba cha barua, wakikuta kitu kimoja tu kisichoruhusiwa wanairudisha ilivyo na kile kikaratasi cha tiki. Hizo tiki nne ni za askari. Na Baba mdogo umwambie pia, kwa adabu, lakini aambiwe, maana neno lile limemchoma mama mzazi bure.

La pili ni la Bibi. Hilo msilipeleke kwa barua. Taarifa ya msiba ikipita kwenye karatasi anaweza kuisoma peke yake usiku amefungiwa, hana wa kumshika mkono. Mwambieni binamu wa Ohio apige simu gereza alilopo ndugu yenu, aombe ofisi ya chaplain, yule mhudumu wa dini wa gereza, anahudumia dini zote siyo Wakristo tu. Atoe jina kamili la mfungwa na namba yake, jina la marehemu, undugu wao, tarehe, na namba ya simu ya nyumbani ya kuhakikishia habari. Kazi hiyo ni yao wameizoea, wanamwita mtu ofisini wanamwambia ana kwa ana, na mara nyingine wanamsaidia apige simu nyumbani. Huyo binamu asije akajaribu kumuunganisha na nyinyi Tanga kwenye simu moja watu watatu, karibu magereza yote kule hayataki mchezo huo, simu inakatwa na mfungwa ndo anayeadhibiwa.

Haya, tuje kwenye barua.

Kule Marekani kuna jela ya kaunti, iko chini ya sherifu, yaani mkuu wa polisi wa kaunti, au ya kaunti yenyewe, hapo ndo wanakaa mahabusu na wenye vifungo vifupi. Kuna magereza ya jimbo. Na kuna magereza ya serikali kuu ya shirikisho. Kila moja na sheria zake za barua, na kaunti ndo usiseme, kaunti hii na jirani yake hazifanani, kuna zinazokubali postikadi tu hata barua ya bahasha hazitaki (mtindo huo ulianzia kaunti ya Maricopa kule Arizona mwaka 2007 ukasambaa, ingawa mwaka 2013 jaji wa shirikisho huko Oregon alisema kaunti moja imevunja katiba kwa sheria kama hiyo). Kwa hiyo mtu akikwambia "mi nilimtumia mdogo wangu hivi na ikafika", muulize kwanza ilikuwa jela gani, maana sheria ya pale inaishia palepale getini.

Hizo tiki zako nne mi nazijua bila kukiona hicho kikaratasi. Dola, haziwekwi kwenye bahasha popote kule. Udi, kitu chochote chenye harufu, manukato, alama ya lipstiki, doa la mafuta, kinarudishwa. Krayoni na stika. Na ya nne nafikiri uliandika jina bila namba ya mahabusu. Mnaona ni ukatili, na mimi nilipoanza kuyajua haya nilihisi hivohivo, lakini sababu yake ipo: kuna dawa za kulevya za kutengeneza maabara wanaziita K2, ni maji, unalowesha karatasi inakauka unaituma kama barua ya kawaida, mfungwa anachana kipande anavuta. Na zinafichwa chini ya stempu, chini ya stika, ndani ya rangi ya krayoni. Mchoro wa mwanao wa mwembe umekamatwa kwa makosa ya watu wengine kabisa, mweleze hivo mtoto asije akadhani mchoro wake ulikuwa mbaya.

Sasa Pennsylvania yenyewe. Mwisho wa Agosti 2018 askari wengi wa magereza ya jimbo hilo waliugua, wakubwa wakasema ni hizo dawa, wakafunga magereza yote ya jimbo karibu wiki mbili, hakuna kutembelewa hakuna barua. Walipofungua wakabadilisha kila kitu. Tangu hapo barua ya familia haiendi gerezani. Inaenda kwenye sanduku la posta la kampuni huko St. Petersburg, Florida, jimbo jingine kabisa, inafunguliwa, inaskaniwa, anachopewa mfungwa ni kopi. Karatasi yenyewe uliyoandika inawekwa siku 45 halafu inaharibiwa. Hairudi, hata ukiomba kwa machozi.

Nimeirudia hiyo sentensi mara tatu nikiiandika kwa sababu ya mwandiko wa Mama. Kurasa tatu kwa siku nne na mtoto wa jicho, zikaingie kwenye mashine ya kusaga karatasi Florida! Hapana. Kwa hiyo hiyo barua iliyorudi msiitume tena. Imerudi salama, mshukuruni Mungu kwa hilo, iwekeni kwenye sanduku la Mama na udi wake, siku mwanawe akitoka ataisoma yenyewe kwa mkono wake na ile harufu aikute.

Na hapa ndo nataka unisikilize vizuri. Kama anachopata ni kopi tu, basi kopi inaweza kutengenezwa popote. Mama aandike Tanga, wewe piga picha kurasa kwa simu, mchana, karibu na dirisha, ukurasa mmoja mmoja, mtumie binamu kwa WhatsApp, yeye Ohio anaiprinti kwenye karatasi nyeupe ya kawaida, anaweka kwenye bahasha nyeupe na stempu ya kule, anaituma. Siku chache imefika badala ya miezi. Mdogo wako ataona mwandiko uleule wa Mama, herufi zilezile kubwa, hatapungukiwa na kitu ambacho angepata kama ingepanda ndege kutoka Dar. Na karatasi halisi inabaki nyumbani. Mchoro wa mwembe nao hivohivo, stika na krayoni haziingii, picha ya mchoro iliyoprintiwa kwenye karatasi nyeupe ni jambo jingine.

Kwenye bahasha binamu aandike jina kamili la mfungwa kama lilivyo kwenye kumbukumbu za gereza, siyo jina la nyumbani, namba yake, kwa Pennsylvania ni herufi mbili na tarakimu nne, jina la gereza, halafu anwani ya Florida. Hiyo anwani asiichukue kwa mtu, aichukue kwenye ukurasa wa idara ya magereza ya jimbo siku hiyohiyo anayotuma kwa sababu hubadilika. Na nyuma au kona ya juu jina lake kamili na anwani yake ya kurudishia. Bila jina la mtumaji barua haishughulikiwi. Wafungwa wapya kule huhamishwahamishwa, kwanza wanapelekwa gereza la kupangiwa halafu ndo wanapewa la kukaa, kwa hiyo kila kabla ya kutuma mtafuteni kwenye mtandao wa kutafuta wafungwa wa jimbo mjue yuko wapi.

Picha tumeni, lakini ziwe za kawaida. Siyo zile za papo hapo zenye mgongo mnene zinatoka kwenye kamera. Hakuna mtu kifua wazi hata kama ni ufukweni, hakuna mtu anaweka vidole alama alama, vijana wetu siku hizi kila picha lazima wanyooshe vidole, askari wa kule anaona genge la wahuni. Hakuna pini, hakuna gundi, hakuna selotepu, hakuna kadi ile ya kuimba. Msiweke stempu wala karatasi tupu kumsaidia ajibu, vifaa vya kuandikia ananunua ndani.

Kiswahili andikeni. Hakijakatazwa. Kinachoweza kutokea ni kuchelewa kidogo anayekagua akitaka kujua kilichoandikwa. Ila watu wa Tanga mna mafumbo nyinyi, mtu hasemi jambo moja kwa moja mpaka apitie kwenye kanga tatu. Kwenye barua hizi acheni. Sentensi kama "yule mgeni wetu mzigo wake umefika" kwa mkaguzi ni lugha ya siri hata kama mnamsemea shangazi na gunia lake la mchele. Tajeni watu kwa majina yanayoeleweka. Dua Mama aziandike, ila kwa herufi za kawaida, na kama lazima Kiarabu basi chini yake maana yake.

Na kuhusu kesi msiandike chochote. Uliponiandikia mimi ulikataa kuieleza na ulifanya vema, endelea hivohivo. Barua zinasomwa, simu zinarekodiwa, na kwa mtu ambaye bado ni mahabusu maneno ya barua yanaweza kupelekwa mahakamani. Hata hukumu ikishatoka kuna rufaa, kuna kamati ya kumuachia mapema. Mambo hayo ni ya yeye na wakili wake. Barua za wakili zina njia yake, zinaenda gerezani moja kwa moja na namba maalumu na zinafunguliwa mbele ya mfungwa. Pennsylvania walianza kuzikopi na hizo, wakashtakiwa, mwaka 2019 wakakubali kuacha. Usije ukajaribu kupitisha barua yako kwenye bahasha ya wakili, utamharibia.

Jirani yako na habari yake ya kuficha vitu kwenye kitabu, roho yako imekushauri vizuri kuliko yeye. Anayeadhibiwa ni aliyeko ndani. Anaweza kupelekwa kwenye selo ya peke yake, na ile miaka mitatu ikavutwa kuelekea sita. Ndo maana ya hukumu ya kuanzia hapa mpaka hapa, katikati pale kuna rekodi yake ya ndani.

Msahafu msiutume kutoka Tanga. Kitabu kule lazima kitoke kwa mchapishaji au duka la vitabu moja kwa moja, kipya, na Pennsylvania vitabu vina kituo chao cha ukaguzi Bellefonte, haviendi ile anwani ya barua. Njia nyepesi ni mdogo wako amuombe yule mhudumu wa dini, misahafu ipo. Pesa nazo hazipiti kwenye bahasha, zinawekwa kwenye akaunti ya mfungwa kupitia kampuni iliyoidhinishwa, binamu ataona kwenye ukurasa uleule. Pia kuna ujumbe wa kwenye tableti, mfungwa anasoma mwenyewe na unalipiwa kila unapotuma, ni wa haraka. Ila kwa Mama, kopi ya mwandiko wake haina mbadala.

Jambo moja ambalo hukuuliza. Kama ndugu yenu bado ni raia wa Tanzania, kuna Mkataba wa Vienna wa mwaka 1963 wa mambo ya kibalozi, kifungu cha 36, na Tanzania imo kwenye orodha ya nchi ambazo raia wake akikamatwa Marekani lazima ubalozi ujulishwe, hata asipoomba. Barua yake kwa ubalozi nayo lazima ipelekwe bila kucheleweshwa. Ubalozi hautamtoa jela, msijipe matumaini hayo, ila wanaweza kumtembelea na kuulizia hali yake. Waandikieni walioko Washington mhakikishe wana habari zake.

Wasomaji wangu wengine msichukue sheria hizi za Pennsylvania mkazipeleka kwingine. Najua mna ndugu Texas, Wakongomani hasa, huko walikataza kadi na krayoni tangu 2020, na tangu 2023 barua zinaenda Dallas zinaskaniwa, mfungwa anasoma kwenye tableti. Walio magereza ya shirikisho namba yao ni ya tarakimu nane, na huko barua bado inaenda gerezani kwenyewe ingawa baadhi wanampa kopi. Aliyeshikwa na uhamiaji anatafutwa kwa namba ya faili lake la uhamiaji, tena wanahamishwa ghafla, leo yuko Ohio kesho Louisiana.

Mtoto wa dada yangu alikaa ndani kule miaka minne, jimbo jingine, kabla hawajaanza mambo ya kuskani. Aliporudi nilimuuliza barua gani aliipenda kuliko zote, nikitegemea atataja ile niliyomwandikia kurasa nane za nasaha. Akasema ni ya mama yake, nusu ukurasa, alimweleza jinsi kuku walivyoingia jikoni wakamwaga unga, na bei ya nazi. Akasema kwa nasaha alikuwa anazijua zote, lakini nyumbani alikuwa ameanza kukusahau, sauti zake, na ile barua ilimrudisha mlangoni. Kwa hiyo Mama asijitese kurasa tatu. Ukurasa mmoja kila wiki mbili, aandike mwembe umezaa vipi, nani kaoa, maji yamekatika siku ngapi. Na kila barua iwekeni namba juu, ya kwanza, ya pili, ya tatu, ili ikipotea moja ajue ipo iliyopotea, asije akadhani mmenyamaza.

Anza na simu ya binamu kwa chaplain, leo usiku kule bado ni mchana. Barua namba moja isubiri mpaka mjue ameshaambiwa kuhusu Bibi, ndo Mama aandike habari za mazishi, nani walikuja, alizikwa wapi. Mtafutie kalamu nyeusi, siyo ya bluu, picha ya simu inaikamata vizuri zaidi.